Amri ya kurejeshwa kazini si cheti cha kutokuwa na hatia

MTUMISHI wa umma aliyesimamishwa kazi bado ni mwajiriwa. Hapo ndipo wengi hukosea: wakubwa hudhani wamekwisha kumwondoa, naye mtumishi hudhani kwamba mahakama ikimrejesha ofisini ameshinda kesi.

Suala hili lina uzito Eldoret, iliyopandishwa hadhi kuwa jiji mwaka 2024. Serikali ya Kaunti ya Uasin Gishu, Hospitali ya Mafunzo na Rufaa ya Moi na Chuo Kikuu cha Moi kilicho jirani ni miongoni mwa waajiri wakubwa huko, na Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi ina kituo jijini humo.

Kifungu cha 236 cha Katiba ya 2010 kinakataza mtumishi wa umma kufutwa, kushushwa cheo au kuadhibiwa bila kufuata utaratibu wa sheria. Nayo Sheria ya Ajira ya 2007 inamtaka mwajiri kumweleza mfanyakazi tuhuma zake kwa lugha anayoielewa, mbele ya mwenzake au mwakilishi wa chama, na kusikiliza utetezi wake kabla ya kumfuta kwa utovu wa nidhamu.

Kwa hivyo, jaji anapoamuru mtumishi arejee kazini, mara nyingi huwa amepima utaratibu uliotumika, wala si ukweli wa tuhuma. Amri ya muda hulinda nafasi yake hadi kesi isikizwe. Hata baadaye, mwajiri aweza kumwita tena mbele ya kamati ya nidhamu, mradi afuate sheria.

Aliyeshtakiwa kwa ufisadi yuko katika hali tofauti. Sheria ya 2003 ya kupambana na ufisadi huagiza asimamishwe kwa nusu mshahara tangu siku ya kushtakiwa, na hatua hiyo hukoma akiachiliwa huru.

Kwa aliyekwisha kufutwa, kurejeshwa ni jambo adimu. Jaji hutazama matakwa ya mfanyakazi na kama yawezekana wawili hao kufanya kazi pamoja tena, na amri hiyo haitolewi baada ya miaka mitatu tangu kufutwa. La sivyo, hulipwa fidia isiyozidi mshahara wa miezi 12. Mwaka 2014, Mahakama ya Rufaa ilibatilisha amri ya kuwarejesha wafanyakazi 447 wa shirika la ndege la Kenya Airways.

Watumishi wa kaunti wana hatua moja zaidi: sheria huwataka kwanza wakate rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma. Wanaokimbilia mahakamani kabla ya hapo huhatarisha kesi zao kutupwa.

Mkubwa anayekaidi amri ya mahakama naye aweza kuadhibiwa kwa kuidharau. Lakini gharama ya utaratibu uliokiukwa haimwangukii yeye peke yake. Mshahara uliozuiliwa, fidia na ada za mawakili hutoka katika hazina ya umma, yaani mfukoni mwa mlipa kodi.