Uzito wa Tufe na Uwezo wa Mkono

Mtu aingiapo kwa mara ya kwanza katika ukumbi wa mchezo wa bolingi hukuta matufe mengi yamepangwa rafuni. Yote yana ukubwa mmoja, na hayatofautiani ila kwa rangi na kwa namba iliyochorwa juu yake. Namba hiyo ni uzito wa tufe kwa ratili, nayo kwa kawaida huanzia 6 na kuishia 16. Kijana mwenye afya njema, hasa ikiwa wenzake wanamtazama, aghalabu hulichukua tufe la 16 bila ya kufikiri. Matupo ya kwanza humwendea vizuri. Lakini kabla ya mchezo wa pili kwisha, bega huanza kumuuma, kidole gumba huvimba, na tufe huenda kando badala ya kwenda mbele. Kesho yake hata kuvaa shati humtaabisha. Nguvu alikuwa nazo. Alichokosa ni hesabu.

Mchezo wa bolingi ya pini kumi ulisitawi Marekani, ambako chama cha American Bowling Congress kiliundwa mwaka 1895 ili kuweka kanuni moja kwa wachezaji wote. Siku hizi unachezwa katika nchi nyingi, na Nairobi pia. Mchezaji hulivingirisha tufe juu ya njia nyofu yenye upana wa mita 1.05 hivi. Kutoka mstari wa kutupia hadi pini ya mbele ni mita 18.29. Huko mwisho zimesimama pini 10 kwa umbo la pembetatu, kila moja ikiwa na kimo cha sentimita 38 na uzito wa kilo 1.6 hivi.

Kanuni hazikubali tufe lizidi ratili 16, yaani kilo 7.26. Huo ndio uzito wa tufe linalorushwa na wanaume katika mashindano makubwa ya riadha. Hata hivyo, mrushaji wa riadha hurusha mara chache tu katika shindano, na mara sita akifika mwisho. Mchezaji wa bolingi hutupa mara 15 au 20 katika mchezo mmoja, na watu wengi hucheza michezo miwili au mitatu kwa siku. Mwenye kutupa tufe la ratili 16 mara 50 atakuwa ameinua jumla ya kilo 363, na zote kwa mkono mmoja.

Jicho halipimi uzito

Kipenyo cha tufe la bolingi ni sentimita 21.6 hivi, liwe zito au jepesi. Tofauti imo ndani, katika vitu vilivyotumika kulitengeneza. Jambo hili laweza kuthibitishwa kwa ndoo kubwa ya maji. Tufe lenye kipenyo hicho huchukua nafasi ya lita 5.3 hivi, na lita moja ya maji ina uzito wa kilo moja. Kwa hiyo tufe la ratili 11, ambalo ni kilo 5 kamili au karibu yake, huelea. Na tufe la ratili 12, ambalo ni kilo 5.4, huzama. Ni dhahiri basi kwamba mchezaji hawezi kuchagua kwa kutazama. Hana budi kusoma namba na kulipima tufe kwa mkono wake mwenyewe.

Tufe linapokutana na pini

Wanaopenda matufe mazito wana hoja ya kweli. Kitu kizito kikigonga kitu chepesi hakipotezi mwendo wake wote, wala hakipindwi sana. Tuseme tufe la kilo 7.26 limegonga uso kwa uso pini ya kilo 1.6, na mgongano wenyewe haukupoteza nishati. Tufe litaendelea mbele kwa asilimia 64 ya kasi yake ya kwanza. Tufe la kilo 4.5 litabakiwa na asilimia 48 tu, na lile la kilo 2.7 litabakiwa na asilimia 26.

Kadhalika, tufe zito likiigusa pini kwa ubavu haliwezi kupindwa zaidi ya digrii 13 hivi. La kilo 4.5 laweza kupindwa hata digrii 21, na la kilo 2.7 hata digrii 36. Hili ni jambo kubwa, kwa sababu katika tupo zuri kabisa la mtu wa mkono wa kulia, tufe hugusa pini nne tu. Sita zilizobaki huangushwa na pini wenzao. Tufe likipindwa mno mwanzoni, halifiki kwenye pini zilizo nyuma, na mpango mzima huharibika.

Mkono kama bembea

Lakini pini hazigongwi na uzito peke yake. Tufe lazima lifike huko kwa kasi na kwa mstari uliokusudiwa, na hapo ndipo uwezo wa mkono unapoingia.

Tangu siku za Galileo inajulikana kwamba vitu vizito na vyepesi huanguka kwa kasi moja, upinzani wa hewa usipohesabiwa. Mkono wa mchezaji ni kama bembea: tufe huinuliwa nyuma, kisha huachwa lishuke kwa uzito wake. Likishuka kimo cha mita moja hupata kasi ya mita 4.4 kwa sekunde, liwe la ratili 8 au la ratili 16. Kasi inayobaki hutokana na hatua za miguu na msaada wa misuli. Mwenye kuchagua tufe linalomlingana hubembea tu. Mwenye kuchagua lililomzidi hulazimika kulivuta, na kulivuta huko hupindisha mkono na kupoteza shabaha.

Ubaya mwingine umo katika bembea yenyewe. Tufe likishuka kutoka usawa wa bega, kani inayovuta mkono pale chini kabisa hufikia mara tatu ya uzito wa tufe. Tufe la ratili 16 basi huvuta bega, kiwiko, kifundo cha mkono na vidole kana kwamba mtu ameshika mzigo wa kilo 22. Tufe la ratili 10 huvuta kama kilo 14. Kilo nane hizo za tofauti, zikirudiwa mara 50, ndizo zinazomwamsha mtu usiku kwa maumivu.

Aidha, nishati ya mwendo huongezeka kwa mraba wa kasi. Tuseme mtu hulitupa tufe la kilo 7.26 kwa kasi ya mita 6 kwa sekunde kwa kuwa limemwelemea. Nishati yake ni juli 131. Mtu huyo huyo akilitupa tufe la ratili 12 kwa mita 7.5 kwa sekunde, nishati yake ni juli 153. Momenta yake imepungua kidogo tu, na bega lake limepumzika. Kwa hiyo tufe jepesi kidogo lililotupwa sawasawa halishindwi na zito lililotupwa kwa taabu.

Namna ya kuchagua

Kanuni inayotumiwa na wengi ni kwamba tufe liwe na uzito wa sehemu moja ya kumi ya uzito wa mwili, bila ya kuzidi ratili 16. Mtu wa kilo 60 ataanzia kilo 6, yaani ratili 13 hivi. Kwa mtoto, wengi hukadiria ratili moja kwa kila mwaka wa umri wake: wa miaka minane huanza na tufe la ratili 8 au pungufu, kwani mifupa yake ingali inakua. Makadirio haya ni mwanzo tu wa safari. Asiyezoea mchezo apunguze ratili moja au mbili, na mwenye maradhi ya bega, mgongo au kifundo cha mkono apate kwanza ushauri wa daktari.

Baada ya hapo jaribio ni rahisi. Mchezaji alishike tufe kwa mikono miwili kifuani, kisha ainyoshe mikono mbele kwa sekunde chache. Mikono ikitetemeka au kushuka, tufe ni zito mno. Halafu alibembeze polepole ubavuni kwa mkono mmoja. Bega likivutwa chini, au mwili ukiinama upande, achukue jepesi zaidi. Kinyume chake, tufe likiruka huku na huko kama kitu kisicho na uzito, aongeze ratili moja.

Matundu ya vidole nayo yatazamwe. Vidole viwili vya kati viingie hadi kwenye kiungo cha pili, kidole gumba kiingie chote, na kiganja kilale juu ya tufe. Gumba litoke bila ya kukwama, lakini lisiwe na nafasi ya kucheza. Tundu likiwa pana, mchezaji hulibana tufe kwa nguvu asilianguke, na misuli ya mkono huchoka upesi. Mara nyingi tufe linalolalamikiwa kuwa ni zito si zito. Ni matundu yake yasiyolingana na vidole.

Hatimaye, kipimo kilicho bora ni tupo la mwisho. Tufe linalofaa ni lile ambalo mchezaji analitupa katika mchezo wa tatu kama alivyolitupa katika mchezo wa kwanza. Wahenga walisema kwamba mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Tufe zito nalo huonekana jepesi likiwa mkononi mwa mwingine. Kila mtu basi na achague lake kwa kuupima mkono wake, wala si kwa kumtazama jirani.