Hakuna aliyewaajiri

Injili ya Jumapili hii ni ile ya wafanyakazi wa shamba la mizabibu, Mathayo sura ya 20. Kwa watu wa Tanga sina haja ya kuifafanua sana, maana mkoa huu umejengwa na vibarua. Tangu Mjerumani Richard Hindorf alipoleta miche ya mkonge mwaka 1893, ambayo michache tu ilifika ikiwa hai, watu walimiminika huku kutoka kila upande: Wabena, Wangoni, Waha, Warundi, Wamakonde wa ng'ambo ya Ruvuma. Waliitwa manamba. Kwenye orodha ya nyapara mtu alikuwa namba kwanza, jina lilifuata baadaye, na wakati mwingine halikufuata kabisa.

Wazee wetu wa kambini bado wanakumbuka kipande. Ilikuwa kadi ya siku 30. Ukienda kazini unawekewa alama; ukiumwa, au mwiba wa mkonge ukikuingia jichoni, siku hiyo haihesabiki. Mpaka zijae zote 30 ndipo ulipwe. Kwa hiyo ukimsomea mzee wa namna hiyo kwamba mwenye shamba la mizabibu aliwalipa watu wake jioni ileile, hata wale wa saa moja tu, hatauliza maana ya kiroho. Atacheka kwanza. Nimeona mara nyingi: mzee anacheka, kisha ananyamaza.

Halafu kuna hiyo saa kumi na moja. Wazungu wanahitaji maelezo pembeni ya ukurasa kuielewa. Sisi tunaangalia saa zetu tu. Ni saa kumi na moja jioni, jua linaelekea nyuma ya milima ya Usambara, na mwenye shamba bado anazunguka sokoni anatafuta watu. Anawakuta wamesimama, anawauliza kwa nini wameshinda pale bila kazi, nao wanamjibu kwamba hakuna aliyewaajiri.

Nimehubiri juu ya Injili hii zaidi ya mara nane tangu nipadirishwe, na karibu kila mara nilitumia muda wangu kwa wale walionung'unika. Jibu hilo la watu wa mwisho nililipita haraka. Hawakuwa wavivu wala hawakuchelewa kuamka. Walikuwa palepale sokoni siku nzima, watu wanawapita.

Mwaka huu limenishika kwa sababu ya mtu mmoja aliyewahi kuishi kwetu huku. Jina lake unalijua, ingawa watoto wa siku hizi ukilitaja wanafikiri unasema lile tingatinga la kutengeneza barabara. Edward Saidi Tingatinga alizaliwa mwaka 1932 katika wilaya ya Tunduru, baba Mngindo, mama Mmakua. Tazama jina lenyewe: Edward na Saidi, kanisa na msikiti katika mtu mmoja, jambo ambalo hapa Tanga halimshangazi mtu. Shule yake ilikuwa ya msingi tu, tena haikufika mbali. Miaka ya 1950, kama vijana wengi wa kusini, alikuja Tanga kufanya kazi katika mashamba ya mkonge.

Alikuwa hapa kwetu. Alikuwa kwenye mistari hiyohiyo unayoiona kwenye dirisha la basi ukielekea Muheza. Akaondoka hajauza hata picha moja.

Mwaka 1959 alihamia Dar es Salaam. Akafanya kazi ya bustani kwa Mzungu, akakosa kazi, akahangaika na vibarua vya ujenzi. Alianza kuchora na kuuza mwaka 1968, akiwa na miaka 36. Hakuwa na turubai wala rangi za wasanii. Alichukua vipande vya mbao za dari, vile vya mraba, na rangi ya mafuta ya kupakia baiskeli. Unajua rangi ile inavyong'aa na inavyokataa kuchanganyika. Wasomi wanaiita mtindo. Mimi nadhani kwanza ilikuwa bei. Alichora chui, tembo, ndege, mti wa mbuyu, mara nyingi mnyama mmoja amejaza ubao mzima na macho yake yanakutazama. Picha ziliuzwa kule Morogoro Stores, Oysterbay, kwa wageni waliokuwa wakienda dukani. Akapata pia kazi Muhimbili, ya kuhudumia wodi. Akamwoa Agatha Mataka, wakapata watoto wawili.

Akakusanya vijana, wengi wao ndugu na watu wa kwao, akawafundisha: Ajaba Abdallah Mtalia, Adeusi Matambwe, January Linda, Casper Tedo, Simon Mpata. Mwaka 1972 alikuwa ndani ya gari usiku, polisi wakadhani ni gari la wahalifu waliokuwa wakiwatafuta. Alipigwa risasi, akafa. Alikuwa na miaka 40.

Hesabu mwenyewe: 1968 hadi 1972. Miaka minne. Hiyo ni saa yake moja ya jioni shambani. Na leo nenda Zanzibar, nenda Nairobi, ingia duka la zawadi uwanja wowote wa ndege wa Afrika Mashariki, utakuta picha zinaitwa kwa jina lake. Ushirika wa wachoraji wanaomfuata uliandikishwa mwaka 1990, na familia nyingi zimesomesha watoto kwa brashi hiyo. Yule aliyekuja Tanga kuongeza idadi ya manamba, jina lake limekuwa neno la kawaida.

Nisieleweke vibaya. Walikuwepo pia walioitwa asubuhi, nao walifanya kazi nzuri. Sam Ntiro wa Machame alisoma Makerere na kisha Slade kule London. Mwaka 1960 makumbusho makubwa ya sanaa ya kisasa ya New York yalinunua picha yake ya watu wanaompelekea bibi harusi pombe ya ndizi usiku, na uhuru ulipokuja alikuwa balozi wetu wa kwanza Uingereza. Elimo Njau wa Marangu, naye wa Makerere, alichora ukutani katika kanisa la Waanglikana la Murang'a, Kenya, maisha ya Yesu kuanzia kuzaliwa hadi msalabani, na Yesu huyo ni Mwafrika, nyuma yake ni vilima vya Wakikuyu. Hiyo ilikuwa miaka ya 1950, makovu ya Mau Mau yakiwa bado mabichi. Nikiwa mseminari sikufundishwa habari hiyo. Nilifundishwa Michelangelo.

Na katika hao wa Ulaya, yupo mmoja anayenisumbua kama padri kuliko wengine. Vincent van Gogh alikuwa mtoto wa mchungaji na alitaka kuwa mhubiri. Alitumwa Borinage, Ubelgiji, kwa wachimba makaa ya mawe. Akaona wanavyoishi, akagawa nguo zake, akaacha chumba kizuri akalala kibandani kama wao. Wakubwa wake wa kanisa waliona amezidisha, tena hajui kuhubiri vizuri, na mwaka 1879 hawakumwongezea muda. Mwaka uliofuata, akiwa na miaka 27, aliamua kuwa mchoraji. Alifanya kazi miaka kumi, kwa fedha za mdogo wake Theo, akafa mwaka 1890 akiwa na miaka 37. Picha zake za rangi zinapita 800, na alizouza zinahesabika kwa vidole. Mwaka 1990 moja iliuzwa New York kwa dola milioni 82.5. Ile kamati iliyomwona hafai, hakuna anayekumbuka majina ya wajumbe wake. Walikuwa watu wa dini, waaminifu kwa kanuni, na ninawaelewa vizuri mno.

Ninawaelewa kwa sababu nimewahi kukaa kwenye kiti chao. Nilikuwa na upadri wa mwaka mmoja hivi, paroko msaidizi katika parokia yenye vigango ndani ya mashamba ya mkonge. Katika kigango kimoja kulikuwa na kijana aliyefanya kazi kwenye korona, kulisha majani kwenye mashine. Jioni alikuwa akichora kwa mkaa ukuta wa nyuma wa kanisa, ule usioonekana kutoka barabarani. Alikuwa anachora Njia ya Msalaba. Simoni wa Kirene amebeba mzigo wa mkonge begani. Askari wamevaa kofia za wanyapara. Veronika ni mama mmoja tuliyemjua wote, aliyeuza uji pale kambini.

Katekista alinionyesha akiwa na furaha. Mimi nilikuwa nimetoka seminari na Kilatini changu, na tulikuwa tunamngoja mgeni mkubwa kutoka jimboni kwa ajili ya Kipaimara. Niliona ukuta mchafu. Nikaagiza chokaa. Kijana alikuja kuniuliza, kwa adabu kabisa, kama parokia ingeweza kumsaidia makopo mawili ya rangi ili akachore mahali pengine. Nikamwambia kwanza ajifunze kuomba ruhusa. Akasema, "Sawa, Baba." Akaondoka. Baada ya wiki chache hakuwepo tena kambini. Walisema amekwenda Dar.

Sikumfanyia ukatili. Hicho ndicho kinachonisumbua. Nilimpita tu, kama watu wanavyompita mtu sokoni. Hadi leo sikumbuki kama nilimwuliza jina lake la ubatizo.

Miaka mingi baadaye, nikiwa Dar kwa mkutano, nilikwenda Morogoro Stores. Nilijidanganya kwamba nanunua zawadi. Nilizunguka kibanda hadi kibanda, nikitazama mikono ya wachoraji kuliko picha zao, nikimtafuta mtu ambaye sasa angekuwa na mvi kama mimi. Mzee mmoja akaniuliza, "Padri, unatafuta picha gani?" Nikamwambia natafuta Njia ya Msalaba. Akacheka, akasema watalii wanataka twiga. Nikanunua twiga. Ananitazama sasa ninapoandika haya.

Sokoni kwetu bado wamesimama. Pita Ngamiani asubuhi utawaona wanaongoja kibarua, na wengine hata hatuwaoni, kwa sababu walichonacho hakimo kwenye orodha yetu ya kazi. Tuna kamati ya ujenzi na kamati ya fedha. Picha za Njia ya Msalaba tunaagiza dukani, Yesu mwenye macho ya bluu, kumi na nne kwenye boksi moja.

Mwezi uliopita viongozi wa kile kigango waliniandikia, ingawa si paroko wao tena. Ukuta wa nyuma umebabuka kwa mvua na wanataka mchango wa kupaka chokaa upya. Nimewapigia simu nikawaomba wasubiri kidogo. Makorora kuna kijana anayechora mabango ya saluni na mapazia ya matairi ya malori. Chui wake wana macho yanayokufuata. Ni Mwislamu, na nilipomweleza kazi yenyewe aliuliza maswali mawili tu: Simoni huyo alikuwa mtu wa wapi, na ukuta una urefu wa futi ngapi. La kwanza nimemjibu. La pili tunakwenda kupima Jumanne.