Hadi kwenye Jiwe Kubwa

Ukitoka Mwanza mjini kuelekea uwanja wa ndege, Pasiansi inakupokea kwa mawe. Nyumba zimebanana na majabali, na msingi wa mtu mara nyingi huanzia pale jabali la jirani linapoishia. Sasa tuseme majirani wawili wana kesi ya mpaka. Wamechoka, wakapatana, na hati ya makubaliano ikasema mdaiwa ataachia eneo "hadi kwenye jiwe kubwa". Sahihi zikawekwa, mikono ikashikwa, hati ikasajiliwa mahakamani ikawa tuzo, yaani amri ya mahakama inayoweza kutekelezwa. Miezi sita baadaye dalali wa mahakama anafika na amri mkononi. Jiwe kubwa lipi?

Mfano ni wangu wa kutunga, lakini ugonjwa wenyewe upo. Usuluhishi uliingizwa katika kanuni za mashauri ya madai mwaka 1994, na tangu mwaka 2021 Baraza la Kata halihukumu tena migogoro ya ardhi, linapatanisha tu. Kupatana kunahimizwa kila kona. Kukazia hukumu, yaani kuifanya karatasi izae fedha au kiwanja, hakuna anayekuzungumzia siku ya kushikana mikono.

Wengi hudhani makubaliano ni ahadi ya kiungwana. Yakishasajiliwa mahakamani ni tuzo kamili, tena ngumu kuliko ile ya baada ya ushahidi, kwa sababu tuzo iliyotolewa kwa ridhaa ya pande zote haikatiwi rufaa. Anayetaka kuitengua hana budi kuonyesha udanganyifu au kasoro nyingine ya aina ile inayovunja mkataba. Na mwenzako akikaidi, usikimbilie kufungua kesi mpya, utarudishwa. Unapeleka maombi ya kukazia hukumu, na una miaka 12 ya kufanya hivyo, ingawa mwaka mmoja ukipita mdaiwa ataitwa kwanza ajieleze.

Hapo ndipo maneno ya hati yanapopimwa. Mahakama inayokazia hukumu haiongezi neno wala haipunguzi. Mmeandika "atalipa kidogo kidogo"? Kidogo ni kiasi gani, na kila lini? Mmetaja awamu kumi, mkasahau kuandika kwamba akikosa moja deni lote lililobaki linadaiwa papo hapo? Basi utakazia awamu ile aliyoruka, usubiri nyingine irukwe. Wapo pia wanaogombania injini ya mtumbwi, kisha kwa furaha ya suluhu wanachomeka na shamba la Magu ambalo halikuwamo kwenye kesi. Amri ya 23 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai inatoa tuzo kwa yale tu yanayohusu shauri. Injini itakaziwa, shamba lina safari yake.

Mtego unaoniuma zaidi humnasa mtu mwema. Mdaiwa analipa kwa simu, au anampa mwenzake noti mkononi pale mwaloni Kirumba, na hakuna anayerudi mahakamani kuarifu. Amri ya 21 ya Sheria hiyo hiyo inataka malipo ya nje ya mahakama yathibitishwe mahakamani. Yasipothibitishwa, mahakama inayokazia hukumu haiyatambui. Mtu amemaliza deni, na dalali bado anagonga mlango wake.

Dalali naye ana mipaka. Hachukui vitanda, vyungu vya kupikia wala zana za fundi, na nyumba anayoishi mdaiwa na familia yake haikamatwi kwa kukazia hukumu. Kwa hiyo suluhu isiyotaja mali inayoshikika inaweza kukuachia jela ya madai tu, na huko chakula cha mfungwa unakilipia wewe unayedai. Nimeona watu wakicheka wakiambiwa hivyo, wakidhani ni utani.

Turudi kwenye lile jiwe. Mpima ardhi analipwa, na majirani waliokwisha kuchoshwa na kesi hawapendi kusikia gharama nyingine. Lakini bikoni zikisimikwa na namba zake zikaandikwa kwenye hati kabla ya sahihi, dalali hatakuwa na haja ya kumwuliza mtu. Jiwe kubwa, liwe lolote lile, litabaki la kuanikia dagaa.