Usimmwagie dudu vule mafuta ya taa

Juma lililopita nilikuwa Kiganjo, kando ya mji wa Thika, kumtembelea rafiki niliyesoma naye diploma. Amepanda pasheni na nyanya. Nilimkuta na chupa ya mafuta ya taa, anamimina kwenye matundu ya nguzo za mipasheni. Ndani mlikuwa na nyuki weusi, wanene kama ncha ya kidole gumba.

"Sheikh, hawa wananilia nguzo," akaniambia. Mwanawe akadakia kuwa hao ndio nyuki wanene wa kwenye kitabu chake cha Kiingereza.

Wote wawili walikosea kidogo, nami nikaona niwaeleze, na wewe msomaji nikuandikie.

Yule wa kitabuni ni nyuki wa nchi za baridi, ambaye wataalamu humwita Bombus. Amefunikwa manyoya mwili mzima, ndiyo maana huweza kuruka asubuhi ya baridi wakati wengine wamelala. Aina zake zapita 250, zimeenea Ulaya, Asia na Amerika. Afrika anapatikana Kaskazini tu, kama Moroko na Aljeria. Kusini ya Sahara hatuna wa asili hata mmoja.

Huyu wetu ni dudu vule, yule anayetoboa boriti za nyumba zetu huku Pwani. Mtazame tumbo: halina manyoya mengi, linang'aa. Na mbao haili. Hutoboa ili atage humo, na chakula chake ni nekta na chavua. Kwa Bombus ni binamu tu.

Ndugu wa karibu wa Bombus ni wale wenye kikapu cha chavua mguuni, kama nyuki wa asali na nyuki wadogo wasiouma. Hao wasiouma tunao, na wengine wamekutwa ndani ya sandarusi, ule utomvu mgumu ambao wazee wa Mrima waliuchimba na Unguja ikauuza ng'ambo kutengenezea vanishi.

Utomvu wa zamani zaidi ni kaharabu, ambayo baadhi yetu tunaijua kwa tasbihi. Katika kaharabu ya Bahari ya Baltiki, yenye zaidi ya miaka milioni 30, mtaalamu Michael Engel alieleza mwaka 2001 koo tatu za nyuki wenye kikapu ambazo leo hazipo kabisa. Ukoo mmoja aliuita Electrobombini, kwa kuwa wanafanana na Bombus. Zilikuwa koo nzima, si aina moja moja, na zote zimekwisha.

Hao walitoweka kabla ya binadamu kuwepo. Lakini aina moja ya Bombus ya Marekani, iitwayo Franklin, ilionekana mara ya mwisho mwaka 2006. Hiyo huenda imetoweka machoni petu sisi tulio hai.

Sasa turudi kwenye nguzo. Ua la nyanya hufungia chavua yake ndani ya vifuko vyenye tundu dogo. Nyuki wa asali hawezi kuitoa vizuri. Dudu vule hulikumbatia ua, akatetemesha misuli yake kwa mvumo, chavua ikamwagika. Bombus hufanya vivyo hivyo huko kwao. Na ua la pasheni ni kubwa: nyuki mdogo huchukua chavua akaenda zake, lakini dudu vule akipita chini, mgongo wake hupaka chavua panapostahili, tunda likafunga.

Kwa hiyo rafiki yangu alikuwa akimuua kibarua wake asiyemlipa hata shilingi.

Dawa ni nyepesi. Paka nguzo rangi, kwa maana hapendi mbao iliyopakwa. Kisha muachie gogo kavu pembeni mwa shamba atoboe atakavyo. Hata nyumbani kwetu, Lamu hadi Vanga, boriti zaweza kulindwa hivyo.

Rafiki yangu aliiweka chupa chini. Matundu mawili alikuwa ameshayamwagia. Jioni tukatafuta gogo.