Ziara ya Kundi Dogo katika Pwani ya Kilwa na Lindi: Jiwe, Swali na Mwenye Kujibu

1. Utangulizi

Katika sura ya nne ya Kitabu cha Yoshua, Waisraeli wanaagizwa kutwaa mawe kumi na mawili kutoka Yordani na kuyasimamisha Gilgali. Sababu ya agizo hilo si uzuri wa mawe hayo. Sababu ni kwamba siku moja watoto watauliza maana yake, na wazazi watapaswa kuwa tayari kujibu. Hivyo ukumbusho, kwa mujibu wa sura hiyo, una sehemu tatu: jiwe, swali, na mtu mwenye kujibu. Ikipungua moja, ukumbusho haukamiliki. Jiwe lisiloulizwa ni jiwe tu, na swali lisilo na wa kulijibu humrudisha mtoto nyumbani mikono mitupu.

Makala haya yanakusudia kueleza jinsi wachungaji na wanafunzi wa theolojia wanavyoweza kufanya ziara ya kuongozwa, wakiwa kundi dogo, katika mahali pa urithi na utamaduni wa kusini mwa pwani yetu, kuanzia Kilwa Kisiwani hadi Rutamba, bara ya Lindi. Tutaona kwamba mahali pengine jiwe lipo na mwenye kujibu yupo. Mahali pengine jiwe limechukuliwa. Na mahali pamoja, ambapo panatuhusu sisi Walutheri kwa namna ya pekee, hakuna jiwe, na wenye kujibu wanazidi kupungua.

2. Ziara ya kuongozwa ni nini?

Kuna tofauti kati ya kutembea mahali na kuongozwa mahali. Anayetembea peke yake huona anachokijua tayari. Anayeongozwa hukubali kuwa mwanafunzi wa mwenyeji: hufuata njia asiyoichagua, husimama pale anaposimamishwa, na husikiliza habari isiyokuwa katika kitabu chake.

Udogo wa kundi ni jambo la msingi. Watu sita hadi kumi wanaweza kuingia katika mashua moja, kuketi katika baraza moja, na kumsikia mzee mmoja bila kipaza sauti. Watu arobaini hugeuka kuwa mkutano; mwenyeji huacha kuzungumza akaanza kuhutubia, na wageni huacha kuuliza wakaanza kupiga picha.

Desturi hii imeenea duniani. Katika nchi ya Thailand, kwa mfano, makundi madogo huongozwa katika magofu ya Ayutthaya, mji mkuu wa kale uliojengwa mwaka 1350 na kuteketezwa mwaka 1767. Sanamu nyingi za Buddha huko zimebaki bila vichwa, na wageni huombwa wasisimame nyuma yake na kuweka nyuso zao pale palipokuwa na kichwa ili wapigwe picha. Ombi hilo linafundisha kwamba gofu si mali ya macho ya mgeni. Kilichovunjika kwa mtazamaji chaweza kuwa kitakatifu kwa mwenyeji. Mkristo anayeingia katika magofu ya misikiti ya Kilwa anapaswa kuwa na adabu hiyo hiyo.

3. Kilwa Kisiwani: jiwe na mwenye kujibu

Safari huanzia Kilwa Masoko. Hapo hupatikana kibali na mwongozaji, kisha kundi huvuka mlango mfupi wa bahari kwa mashua. Kisiwani wapo wanakijiji wanaovua na kulima katikati ya magofu. Kwa hiyo mgeni asiseme kwamba anazuru mji uliokufa. Anabisha hodi kwa watu.

Msikiti Mkuu ulianzishwa katika karne ya 11 na kupanuliwa katika karne ya 14, zama za Sultani al-Hasan bin Sulaiman. Umejengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa, na kuba zake bado humfanya mtu anyamaze. Kwenye genge la bahari yapo magofu ya Husuni Kubwa, kasri lenye vyumba zaidi ya mia moja na birika la kuogea lenye pande nane. Utajiri huo ulitokana hasa na biashara ya dhahabu ya Sofala, na Kilwa ilikuwa na sarafu zake za shaba. Mwaka 1981 magofu haya, pamoja na yale ya Songo Mnara, yaliingizwa katika orodha ya UNESCO ya urithi wa dunia. Mwaka 2004 yalitajwa kuwa hatarini, na mwaka 2014 yaliondolewa katika orodha ya hatari baada ya kazi kubwa ya kuyahifadhi.

Msafiri Ibn Battuta alifika hapa mwaka 1331. Anamsifu sultani kwa ukarimu, na anasimulia jinsi maskini mmoja alivyomwomba nguo alizokuwa amevaa, naye akampa. Mhubiri atapenda kuichukua habari hiyo na kuipeleka mimbarini. Lakini msafiri huyo huyo anaeleza pia kwamba sultani alikuwa akizishambulia nchi za bara mara kwa mara na kuteka nyara. Ukarimu wa barazani na uporaji wa bara ulikuwa wa mtu mmoja. Mwongozaji mwema husimulia yote mawili, na theolojia njema huyasikia yote mawili.

Liko jambo gumu zaidi kwetu. Mwezi Julai 1505 Wareno chini ya Francisco d'Almeida waliuteka mji. Habari iliyoandikwa na mtu aliyekuwa katika msafara huo inaeleza kwamba mapadre wa Kifransisko walishuka pwani wakibeba misalaba miwili, wakiimba wimbo wa kumsifu Mungu. Msalaba ulisimikwa penye kasri, kamanda akasali. Baada ya sala, askari walianza kuupora mji.

Hivyo ndivyo msalaba ulivyofika Kilwa. Wareno walijenga ngome wakaiacha mwaka 1512. Gereza linaloonekana leo pwani lilijengwa upya na Waomani mahali pa ngome hiyo. Baadhi yetu wataharakisha kusema kwamba wale hawakuwa Walutheri, na kwamba Martin Luther mwaka ule ndiyo kwanza alikuwa anaingia katika nyumba ya watawa. Jibu hilo ni la kweli, lakini halimsaidii mwanakijiji wa Kisiwani, ambaye aliuona msalaba, si katiba ya kanisa letu. Ni afadhali mchungaji asimame mbele ya Gereza na kunyamaza kidogo kuliko kutoa utetezi asioombwa.

4. Kilwa Kivinje: jiwe linaloshitaki

Kivinje ipo bara, karibu kilometa 30 kaskazini ya Masoko. Katika karne ya 19 mji huu ulikuwa mlango wa misafara iliyotoka pande za Ziwa Nyasa. Pembe za ndovu na watu viliteremshwa hapa na kupakiwa majahazini, watu wakihesabiwa kwa maelfu kila mwaka, hadi mkataba wa Juni 1873 ulipopiga marufuku biashara ya watumwa kwa njia ya bahari. Wafaransa nao walikwisha kuihusisha pwani hii na mashamba yao ya visiwa vya Bahari ya Hindi: mwaka 1776 mfanyabiashara Morice alipatana na Sultani wa Kilwa apatiwe watumwa elfu moja kwa mwaka. Walionunua, waliouza na waliosafirisha walikuwa watu wa dini zote mbili. Mwongozaji atakayelaumu upande mmoja tu aulizwe kwa upole habari za upande wa pili.

Kivinje pia inakumbukwa kwa Hassan bin Omari Makunganya, aliyewapinga Wajerumani na kunyongwa mwaka 1895. Miaka kumi baadaye, Julai 1905, vita vya Majimaji vilianza katika milima ya Matumbi, si mbali na hapa. Makanisa ya kusini humkumbuka Askofu Cassian Spiss wa Wabenediktini, aliyeuawa na wenzake mwezi Agosti mwaka huo katika njia ya Liwale. Wenyeji huwakumbuka ndugu waliokufa kwa njaa baada ya askari kuchoma mashamba na maghala. Makadirio ya serikali ya Kijerumani yalikuwa watu 75,000. Wanahistoria wengi huona kwamba idadi ilizidi laki mbili. Kundi linalosali Kivinje lisichague wafu wa kuwaombolezea.

5. Tendaguru: jiwe lililochukuliwa

Kutoka Kivinje kundi huelekea kusini hadi Lindi. Kama kilometa 60 kaskazini magharibi ya mji huo kipo kilima cha Tendaguru. Kati ya mwaka 1909 na 1913 wataalamu kutoka Berlin walichimbua hapa mifupa ya dinosaria. Waliochimba na kubeba ni watu wa nchi hii, mamia kwa mamia, wengi wao wakiwa ndiyo kwanza wametoka katika njaa ya Majimaji. Msimamizi aliyeaminiwa kuliko wote aliitwa Boheti bin Amrani. Zaidi ya tani 200 zilibebwa kwa vichwa na mabega, mwendo wa siku kadhaa, hadi bandari ya Lindi. Leo mnyama mmoja wao, mwenye kimo cha zaidi ya meta 13, amesimamishwa katika makumbusho ya Berlin.

Hapa swali la mtoto linabadilika. Haulizi tena maana ya jiwe. Anauliza jiwe limekwenda wapi. Mjadala wa kurudisha urithi, au kugawana faida yake, haujaisha. Mwanafunzi wa theolojia ambaye siku moja atapelekwa kusoma Ujerumani, na wengi wamepelekwa, angefanya vema akisimama Tendaguru kabla ya kusimama Berlin.

6. Rutamba: mwenye kujibu asiye na jiwe

Sasa tunafika Rutamba, bara, magharibi ya mji wa Lindi, kando ya ziwa dogo lenye jina hilo hilo. Hapa hakuna kuba wala kuta za matumbawe. Mgeni anayetafuta vya kutazama ataona ziwa na mashamba, naye ataondoka upesi.

Lakini asiondoke. Tarehe 25 Septemba 1964 vita vya ukombozi vilianza Msumbiji, na maelfu ya watu wakavuka Ruvuma kukimbilia kwetu. Serikali ya Tanzania ilitoa ardhi, na makazi ya wakimbizi yakaanzishwa mahali kadhaa kusini. Rutamba yalikuwa mojawapo. Kazi ya kuyaendesha, kwa ushirikiano wa serikali na Shirika la Umoja wa Mataifa la Kuhudumia Wakimbizi, ilikabidhiwa TCRS, yaani Huduma ya Kikristo kwa Wakimbizi ya Tanganyika, iliyoanzishwa mwaka 1964 chini ya Shirikisho la Kilutheri Duniani. Msitu ulifyekwa, familia zikapewa mashamba, watu wakaanza kujitegemea kwa chakula. Msumbiji ilipata uhuru tarehe 25 Juni 1975, na wengi wakarejea kwao.

Tukilinganisha Kilwa ya mwaka 1505 na Rutamba ya miaka ya 1960, tunaona njia mbili za jina la Kristo kufika katika nchi ya watu. Katika njia ya kwanza msalaba ulitangulia na uporaji ukafuata. Katika njia ya pili jembe, mbegu na dawa vilitangulia, na hakuna aliyeulizwa dini yake kabla ya kupewa shamba. Hata hivyo tusijisifu. Wenyeji wa Lindi, walio wengi Waislamu, ndio waliokubali kugawana ardhi na maji na wageni. Kanisa lilikuwa mtumishi katika ukarimu uliokwisha kuwapo. Waswahili husema: mgeni njoo, mwenyeji apone. Agizo la Walawi 19:34 kuhusu mgeni lilitimizwa hapa na watu wengi ambao hawakulisoma.

Ni nani atakayelisimulia hili? Kijana aliyekuwa na umri wa miaka ishirini mwaka 1965 sasa amepita themanini. Kilwa ina mwongozaji, ada ya kiingilio na wataalamu wa uhifadhi. Urithi wa Rutamba umo katika vifua vya wazee, na kila mazishi huondoa ukurasa mmoja usio na nakala.

7. Mashauri ya utaratibu

Kwanza, kundi lisizidi watu kumi, nalo liwe na mwongozaji mwenyeji katika kila kituo, hata kama mmoja wa wasafiri ni mwanahistoria. Mwongozaji alipwe kwa haki na mbele ya wote, wala asipunjwe kwa kisingizio cha huduma.

Pili, kundi lipige hodi kwa uongozi wa kijiji kabla ya kuuliza lolote. Wazee waamkiwe kwa shikamoo, mavazi yawe ya heshima, viatu vivuliwe pale mwenyeji anapovua, na katika mwezi wa Ramadhani wageni wasile hadharani.

Tatu, picha ya mtu ipigwe kwa ruhusa yake, na sauti ya mzee inaswe kwa ruhusa yake. Nakala irudishwe kijijini, tusije tukarudia habari ya Tendaguru kwa maneno badala ya mifupa.

Nne, kila jioni kundi liketi na kujibu maswali matatu: Tumeona nini? Tumeambiwa nini? Ni nini hatukuambiwa, na kwa nini?

8. Hitimisho

Ndugu msomaji, ziara ya namna hii haihitaji fedha nyingi kuliko semina moja ya siku tatu. Inahitaji unyenyekevu wa kuongozwa. Kilwa itatufundisha toba, Kivinje itatufundisha kuomboleza bila upendeleo, na Tendaguru itatufundisha kuuliza juu ya vilivyochukuliwa. Rutamba inatutaka tufanye kazi: twende na daftari, tuketi chini ya mwembe wa mwenyeji, na kuandika. Watoto wa kanisa hili watakapouliza Walutheri walifanya nini kusini majirani walipokimbia vita, isiwe kwamba aliyejua jibu amezikwa, na sisi tulikuwa tunakusudia kwenda mwaka ujao.