Wangechi Mutu

Wangechi Mutu (amezaliwa Nairobi, 22 Juni 1972) ni msanii kutoka Kenya anayejulikana kwa picha za kubandika, sanamu na filamu. Kazi zake huhoji jinsi mwili wa mwanamke Mwafrika unavyoonyeshwa, na ni nani mwenye haki ya kuuonyesha.

Maisha

Alisoma katika shule ya Loreto Convent Msongari, Nairobi, kisha katika Chuo cha Atlantic huko Wales hadi mwaka 1991. Baadaye alihamia New York, Marekani. Alipata shahada ya kwanza katika chuo cha Cooper Union mwaka 1996 na shahada ya uzamili katika Chuo Kikuu cha Yale mwaka 2000. Hufanya kazi zake Nairobi na New York.

Picha za kubandika

Mutu hukata picha kutoka magazeti ya mitindo, ya pikipiki na ya ponografia, akazibandika pamoja na rangi na wino. Hutokea mwanamke ambaye ni nusu mtu, nusu mnyama au mashine. Kwa sababu hiyo kazi zake huhesabiwa katika mkondo wa Afrofuturism, unaounganisha historia ya watu weusi na sayansi na mawazo ya wakati ujao.

Katika mfululizo wa picha 12 uitwao Histology of the Different Classes of Uterine Tumors (2006), alibandika nyuso juu ya michoro ya zamani ya kitabibu ya magonjwa ya wanawake. Mchoro wa daktari humwonyesha mgonjwa kama kiungo tu. Hapa kiungo kimepewa sura na macho, nacho kinamtazama mtazamaji.

Filamu na sanamu

The End of eating Everything (2013) ni filamu yake ya kwanza ya uhuishaji, akishiriki mwimbaji Santigold. Kiumbe mwenye kichwa cha mwanamke na mwili mkubwa mno anaelea angani akila kundi la ndege. Filamu hiyo huonya juu ya ulaji usio na kikomo.

Mwaka 2019 sanamu zake nne za shaba nyeusi, The NewOnes, will free Us, ziliwekwa kwenye vishubaka vya mbele vya Metropolitan Museum of Art, New York. Jengo hilo lilikamilika mwaka 1902, lakini vishubaka hivyo havikuwahi kuwekwa sanamu. Katika usanifu wa kale, sanamu za wanawake mara nyingi zilibebeshwa uzito wa paa au kiti. Wanawake wa Mutu wameketi, wala hawakubeba chochote.