Shamba la Kiminini, Kesi ya Wapi?

Jirani amelima hadi ndani ya shamba lako, na sokoni tayari umeshauriwa: nenda Mahakama ya Madai Madogo, kesi huisha kwa siku 60. Usiende. Sheria ya 2016 iliyoianzisha inaikataza kusikiliza mgogoro wa hatimiliki au wa nani akalie ardhi.

Kukosea mahakama ni hasara kubwa kuliko ada ya wakili. Katika kesi ya meli Lillian S, 1989, Mahakama ya Rufaa ilisema mahakama isiyo na mamlaka iweke vyombo chini. Kesi ya namna hiyo kwa kawaida haihamishwi. Unafungua nyingine, unalipa tena, na ile miaka 12 ya kudai ardhi inazidi kuyoyoma.

Ugomvi ukiwa wa mpaka tu na shamba limesajiliwa, anzia kwa msajili wa ardhi. Kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 hakikupi hiari. Utagharimia mpima ardhi, lakini ni nafuu kuliko kesi.

Jirani akiwa amekalia shamba lenyewe, thamani ndiyo huamua. Hakimu mkazi aliyeidhinishwa kusikiliza kesi za ardhi anaishia shilingi milioni 5. Hakimu mkuu, milioni 20. Shamba la milioni 6 mbele ya hakimu mkazi ni kazi bure. Ndiyo maana mimi ningemlipa mthamini kabla ya wakili, japo inauma. Likipita milioni 20, ni Mahakama ya Mazingira na Ardhi, Kitale. Anayedai shamba kwa kulikalia miaka 12 bila ruhusa ya mwenyewe naye hupeleka dai lake huko. Usikimbilie huko kwa ukubwa wa jina tu: sheria hutaka kesi ianzie mahakama ya chini kabisa yenye uwezo.

Na kesi yaweza kupelekwa Bungoma? Kesi hufuata ardhi ilipo. Kiminini ni Trans Nzoia, basi Kitale. Shamba likiwa Kamukuywa, kwenye barabara ya Kitale kwenda Webuye, umeshaingia Bungoma.

Duka la kukodi lina jopo lake, la kodi za majengo ya biashara, hasa kwa mpangaji asiye na mkataba wa maandishi. Hati ikiwa bado kwa jina la marehemu baba, tangulia na mirathi.

Wazee wa mtaa nao wasidharauliwe. Kifungu cha 159 cha Katiba kinatambua suluhu za kienyeji. Mkielewana, andikeni na mtie sahihi, maana wazee hawawezi kukupa hati.

Usimtoe mvamizi kwa nguvu, hata kama hati ni yako. Sheria ya Ardhi inataka notisi ya maandishi ya miezi 3, nakala zikifika kwa naibu kamishna wa kaunti na mkuu wa polisi wa eneo. Ukiiruka, yeye ndiye atakayekutangulia kortini kuomba amri ya kukuzuia.